Kitwitwi mwenye pete mguuni: katoka wapi, na tumfanye nini?

"Naishi Mikindani, hapa Mombasa, chini kabisa karibu na mikoko. Kila mwaka kuanzia Agosti au Septemba ndege wadogo wa kijivu hujaa kwenye tope la Tudor maji yakipwa, na ikifika Mei siwaoni tena. Marehemu babu yangu alikuwa mvuvi, akituambia kwamba huzama topeni wakalala humo mpaka msimu urudi. Jana mwanangu wa miaka 11 amekuja na mmoja aliyenaswa mguu na mshipi wa kuvulia, na mguu wa pili ana pete ya chuma yenye namba. Sasa nyumba nzima ina maneno. Jirani asema huyo ni ndege wa ujasusi, tusimguse. Mama mkwe asema achinjwe. Mtoto ataka kumfuga kwenye tundu mpaka Aprili, apate nguvu ya kurudi Ulaya na wenzake. Mimi nahofia mafua ya ndege, maana mtoto alimbeba kifuani njia nzima. Na jambo jingine: mwaka huu mwezi wa Juni niliona kundi kubwa bado lipo, halijaondoka. Je, hali ya hewa imewapoteza? Tafadhali nisaidie, ndege yumo ndani ya boksi la viatu."

Dada yangu, la boksi nilikujibu kwa ujumbe siku ileile kwa sababu halikuwa la kungoja. Naliandika tena hapa kwa urefu kidogo, maana kila msimu huu napata simu mbili tatu za namna hiyo kutoka Tudor, Mtwapa na Port Reitz, na wengi hupiga ndege ameshakufa. Mengine, ya babu na jirani na mama mkwe, nayajibu kwa nafasi.

Kilichokuwa kikimuua ndege wenu ni mshipi, si uchovu. Nailoni ikishazunguka mguu mwembamba hukaza kila ndege anapotembea, mpaka damu haipiti na vidole vinakuwa vyeusi. Haivutwi. Mtu mmoja humshika ndege ndani ya kitambaa chepesi, kipande cha leso kuukuu kinatosha, mabawa yabanwe taratibu na kichwa kifunikwe, kwani ndege asiyeona huogopa kidogo kuliko anayeona. Mwingine hupenyeza ncha ya mkasi wa kucha chini ya kila mzingo na kukata mmoja baada ya mwingine. Kisha angalieni katikati ya vidole. Uzi unaoua kwa kawaida ni ule mmoja uliobaki, mwembamba, haukuonekana kwa sababu ya tope.

Baada ya hapo usimlishe. Najua mkono huenda wenyewe kwenye mkate na wali, lakini ndege huyu hula minyoo ya topeni, kaa wadogo na vijikonokono. Ugali kwake ni udongo. Wala usimtie maji mdomoni kwa kijiko, yataingia mapafuni. Mweke ndani ya boksi lenye matundu na kitambaa chini, gizani, mahali pasipo na redio wala paka, muda wa saa moja hivi. Saa moja, si usiku kucha. Ndege wa miguu mirefu wa pwani wana udhaifu ambao watu wengi hawaujui: wakishikiliwa muda mrefu wakiwa na hofu, misuli ya miguu huharibika, na utamwona amepona kila kitu isipokuwa hawezi kusimama. Nimeshamzika mmoja kwa sababu hiyo, miaka ya mwanzo, kwa huruma yangu mwenyewe ya kutaka "apumzike kwanza".

Akishasimama imara, mpelekeni topeni maji yanapoanza kupwa na wenzake wameshatua, mahali pasipo na kunguru. Narudia kunguru, kwa sababu hapa Mombasa ndio watakaomfuata akiyumba. Na hao ndio wageni hasa: asili yao Bara Hindi, waliletwa Unguja miaka ya 1890, na Mombasa wakaonekana miaka ya 1940. Hawahami kokote. Wamekaa.

Kuna hali ambazo mkasi wa kucha hautoshi. Ukiona mfupa umevunjika, bawa linaning'inia, mshipi umezama ndani ya nyama, au uzi unatoka mdomoni, maana yake amemeza ndoana, usivute wala usikate kitu. Mpeleke kwa daktari wa mifugo au piga simu ofisi ya KWS, shirika la wanyamapori, iliyo karibu. Hivyo hivyo akikaa saa nzima na bado hasimami.

Sasa mafua ya ndege. Hofu yako ina msingi, nami sitakwambia ni porojo. Virusi vyake hubebwa na ndege wa maji, mabata mwitu na shakwe zaidi, na vitwitwi nao wamo. Lakini hatari hukaa kwenye kinyesi, mate na mizoga, na ndege aliyekuwa akikimbia mzima mpaka alipokutana na mshipi si sawa na yule anayeokotwa akitetemeka huku shingo imepinda. Mtoto aoge, aoshe mikono kwa sabuni, shati lifuliwe, boksi litupwe. Ndege asikae jikoni, na zaidi ya yote asikae karibu na banda la kuku. Kwa kweli kuku wako ningewahofia kuliko mtoto. Mkikuta siku moja ndege kadhaa wamekufa pamoja bila sababu ya kuonekana, msiwaguse kabisa, mwiteni daktari wa mifugo wa kaunti. Na mtu aliyeshika mizoga kisha akapata homa na kikohozi aende hospitali na aseme waziwazi kwamba alishika ndege. Daktari hawezi kulikisia hilo.

Tumjue ndege mwenyewe. Kitwitwi ni jina letu pana, hukusanya ndege wengi wadogo wanaokimbiakimbia ukingoni mwa maji. Kwa picha uliyonitumia, wenu ni yule ambaye wanasayansi humwita Calidris ferruginea. Mdomo wake mweusi ni mrefu na umepinda chini kidogo kuelekea nchani, kama shazia ya kushonea magunia, na akiruka utaona kiuno cheupe. Neno ferruginea maana yake rangi ya kutu. Utacheka ukimtazama sasa, alivyo wa kijivu kama majivu ya kuni. Ngoja Aprili: manyoya ya kifua na tumbo hubadilika yakawa mekundu ya tofali lililochomwa, na watu wengi hudhani ni ndege mwingine amekuja.

Babu yako alikosea mahali, hakukosea tarehe. Mvuvi anayejua bamvua na maji mafu hawezi kukosea siku ndege wanayokuja. Na kwa habari ya tope ana wenzake wakubwa. Aristotle, mwanafalsafa wa Ugiriki, aliandika zaidi ya miaka 2,300 iliyopita kwamba mbayuwayu hujificha mashimoni wakati wa baridi, na Ulaya kwa karne nyingi watu wasomi waliamini kwamba hulala chini ya matope ya maziwa. Kilichowatikisa ni mkuki. Mwaka 1822, karibu na mji wa Klütz huko Ujerumani, alipigwa risasi korongo aliyekuwa akitembea na mkuki umepenya shingoni, mti wake ukiwa wa Afrika ya kati. Huku mtu alirusha mkuki, ukapata lakini haukuua, na korongo akaruka nao mpaka Ujerumani. Ngozi yake iliyojazwa ingalipo Chuo Kikuu cha Rostock, na mkuki wake shingoni vilevile.

Mtoto wako naye yuko karibu na ukweli anaposema Ulaya, lakini huyu hazai Ulaya. Nyumbani kwake kwa uzazi ni Siberia, kaskazini kabisa mwa Urusi, Rasi ya Taymyr na nchi za jirani, ambako karibu hapaoti mti na ardhi ya chini ni barafu mwaka mzima. Kutoka Mikindani ni zaidi ya kilomita 9,000 kwa mstari ulionyooka, na ndege hapiti mstari ulionyooka. Hukatisha upande wa Uarabuni, hutua Bahari ya Kaspi na kwenye maziwa ya Kazakhstan kujaza tumbo, kisha huendelea. Hufika huko Juni theluji ikiyeyuka. Jike hutaga mayai manne chini, kwenye majani. Dume hangoji kuona vifaranga. Akishapanda majike hana kazi nyingine, anageuza safari. Majike hufuata baadaye, na Agosti wakubwa wa kwanza wameshatua Tudor.

Hebu piga hesabu. Siberia wiki sita, labda nane. Njiani wiki kadhaa. Mombasa miezi minane au zaidi. Ndiyo maana mimi nimeacha kuwaita wageni. Naona wanafanana zaidi na binti anayekwenda kwa mama yake kujifungua akarudi kwake arubaini ikiisha. Mahali anapozalia ni pa heshima, lakini vyungu vyake viko hapa.

Utauliza, na wengi huniuliza: kama hapa ni joto na chakula kipo, kwa nini wasizae papo hapo wakajipumzisha? Watu hudhani ndege hukimbia baridi. Baridi yenyewe haiwasumbui sana, manyoya ni koti zuri. Kinachowaondoa ni njaa, tope likiganda mdomo haupenyi. Na kinachowapeleka kule ni karamu. Siberia mwezi wa Juni jua halizami. Wadudu hutoka kwa mabilioni kwa wiki chache, na kifaranga aliyeanguliwa leo hutembea na kujitafutia mwenyewe saa zote ishirini na nne, hana giza la kumzuia. Hapa Mikindani kifaranga wa chini angekuwa na saa kumi na mbili za mwanga, na kenge, nyoka, paka na kunguru wakimngoja. Mzazi akishapiga hesabu hiyo, kilomita 9,000 zina faida. Hapigi hesabu kichwani, bila shaka. Waliokuwa na tabia hiyo waliacha watoto wengi, wasiokuwa nayo hawakuacha.

Lakini hapa kuna fumbo ambalo kwangu ndilo tamu kuliko yote. Ndege wa kaskazini hujua msimu kwa urefu wa mchana: mchana ukirefuka, mwili hujitayarisha. Kitwitwi akiwa Mombasa ataujuaje? Sisi tuko nyuzi nne tu kusini ya ikweta. Mchana wetu mrefu kabisa na mfupi kabisa vinapishana kwa kama nusu saa, na mabadiliko hayo husambaa mwaka mzima. Hakuna baridi inayopungua, hakuna theluji inayoyeyuka. Na bado mwisho wa Aprili wanaondoka, usiku mmoja kundi zima.

Mjerumani mmoja, Eberhard Gwinner, aliwafungia ndege wadogo wahamaji chumbani kwa miaka, taa zikiwaka saa kumi na mbili na kuzimwa saa kumi na mbili kila siku, joto lilelile, chakula kilekile. Ndege hawakupotea. Msimu wa safari ulipofika, walinenepa na kukosa usingizi. Ulipopita, wakatulia na kubadili manyoya, mwaka baada ya mwaka. Ndani ya mwili mna saa ya mwaka, haitegemei dirisha. Urefu wa mchana kazi yake ni kuirekebisha tu, kama mtu anayesogeza mshale wa saa yake akisikia adhana.

Na hili ndilo jibu la tundu la mwanao. Ukimfungia ndege huyu mpaka Aprili, saa yake haitasimama. Mwezi wa Machi ataanza kuhangaika usiku, atarukaruka na kupiga mabawa kwenye nyavu upande uleule kila usiku, ule wa kaskazini, mpaka mdomo na kingo za mabawa vitoke damu. Mchecheto huo wa safari umejulikana kwa wafuga ndege tangu zamani. Isitoshe nguvu ya kusafiri haipatikani tunduni, hupatikana topeni kwa kudonoa mchana na usiku kila maji yanapopwa. Na sheria ya wanyamapori ya mwaka 2013 haimruhusu mtu kuweka ndege wa porini bila kibali, hata kwa nia njema. Mwambie hivyo, lakini mwambie la mwisho. Mtoto wa miaka 11 ataelewa habari ya mdomo kutoka damu kabla hajaelewa sheria.

Huo unene naomba nikuonyeshe jinsi tunavyoupima, kwa sababu ni kitu cha kuona kwa macho. Tukimshika kitwitwi kwa kazi ya utafiti, tunampindua mgongo kiganjani na kupuliza manyoya ya tumbo kwa pumzi ndogo, kama unavyopuliza chai. Manyoya yanafunguka, na ngozi ya ndege ni nyembamba hata unaona ndani. Oktoba utaona nyama nyekundu tu, na mizani itasoma gramu hamsini na kidogo, uzito wa hamri moja. Mwisho wa Aprili, chini ya ngozi ileile, utaona mafuta ya manjano yamejaa kutoka shimo la koo mpaka tumboni, na mizani inaweza kukaribia 80. Siku za mwisho kabla ya kuruka, firigisi na matumbo ya ndege wa jamii hii husinyaa, kwa kuwa ni mzigo usiohitajika hewani, wakifika hukua tena. Anasafiri amekunja jiko lake.

Mama mkwe wako mpe salamu zangu, na umwambie kwa heshima zote kwamba katika gramu hamsini hizo, mifupa na mdomo vikitoka, hakuna mchuzi. Wakati wa zamani wakija maelfu kwa maelfu mtu aliweza kusema mmoja hapunguzi kitu. Oktoba 2024 shirika la IUCN, linaloweka orodha ya viumbe walio hatarini duniani, lilimpandisha ndege huyu daraja likamweka miongoni mwa walio katika hatari ya kutoweka, kwa sababu idadi yao inashuka. Tope wanalotegemea njiani linajengwa na kujazwa.

Njia wanaijuaje? Wana zaidi ya dira moja. Mchana jua, usiku nyota. Mmarekani Stephen Emlen miaka ya 1960 aliwaweka ndege wahamaji chini ya kuba lenye nyota za kuonyeshwa kwa taa, akazigeuza, na ndege wakageuka nazo. Mawingu yakifunga, huuhisi usumaku wa dunia. Na wadogo huja peke yao! Wazazi wameshaondoka Siberia kabla yao. Kinda mwenye umri wa wiki chache tu hupaa akielekea bahari asiyowahi kuiona. Mwaka 2022 ndege mmoja wa ukoo huu, mwenye namba 234684 na umri wa kama miezi mitano, alifuatwa kwa setilaiti kutoka Alaska hadi Tasmania, kilomita 13,560 kwa siku 11, bila kutua.

Upepo nao husaidia, na huu babu yako angeuelewa bila kuelezwa. Vitwitwi wakiondoka mwisho wa Aprili, kusi imeanza, wanaipa mgongo, kama jahazi za Uarabuni zilivyokuwa zikingoja kusi zirudi kwao. Mfano mzuri zaidi ni kozi mdogo wa Amur, ndege wa gramu 150 hivi anayezaa kaskazini mwa China na Urusi ya mashariki. Mwisho wa mwaka hutoka India akavuka bahari yote kuja pwani ya Afrika, zaidi ya kilomita 3,000 za maji matupu, kwa upepo uleule wa kaskazi uliowaleta manahodha. Wengine hawa wa nchi kavu, mbayuwayu, chole, keremkerem, hupita juu yetu Oktoba na Novemba, na ukitaka kuwaona kwa wingi nenda Ngulia, Tsavo Magharibi, ambako tangu 1969 watafiti huwanasa na kuwavika pete usiku wa ukungu, taa za hoteli zikiwavuta. Nakupa hili kama nyongeza, maana sikuulizwa.

Ulichoulizia ni wale wa Juni. Hawakupotea, dada. Kitwitwi wa mwaka wa kwanza wengi hawaendi kuzaa. Safari ni ghali na hajakomaa, basi hukaa na sisi mpaka Agosti wakubwa wanaporudi. Uliowaona ni vijana, na ungekuwa na darubini ungeona hawakuvaa ule wekundu wa tofali, wamebaki kijivu. Na wingi wao una habari ya mbali. Kule Siberia kuna wanyama wadogo jamii ya panya, huitwa lemingi, ambao idadi yao hupanda na kuanguka kila miaka mitatu au minne. Lemingi wakiwa wengi, mbweha wa barafu hushiba na kuwaacha vifaranga. Lemingi wakiadimika, mbweha hugeukia viota na mwaka huo karibu hakuna kinda anayepona. Kwa hiyo kundi kubwa la vijana mwezi wa Juni mbele ya mlango wako laelekea kusema kwamba kiangazi kilichotangulia huko Taymyr panya walikuwa wengi. Siwezi kuapa kwa kundi moja lililoonwa na mtu mmoja, lakini ukiandika tarehe na hesabu ya kukisia kila mwaka, baada ya miaka mitano daftari lako litakuwa na thamani kuliko unavyofikiri. Hili si kusema hali ya hewa haina madhara: theluji ya Siberia sasa huelekea kuyeyuka mapema, na kwa ndege ambao safari yao huongozwa na saa ya ndani, wadudu wanaweza kutoka kabla wao hawajafika. Ila Juni ya Mikindani siyo ushahidi wake.

Ukitaka kuwafanyia jambo, la tundu liache. Yako mawili. Mishipi mibovu isitupwe ukingoni. Vijana wanaovua waizungushe kijitini na kurudi nayo. Na la pili, ambalo watu hawalifikirii kabisa, ni maji yakijaa. Siku za bamvua bahari yetu hupanda zaidi ya mita tatu, tope lote hufunikwa, na ndege wa Tudor nzima hujibana kwenye vipande vichache vya mchanga na matawi ya mikoko wangoje. Hapo ndipo watoto na mbwa huwakurupusha kwa mchezo, lipae wingu, litue, lipae tena. Machi na Aprili kila kukurupuka ni mafuta ya safari yanachomwa bure.

Namalizia na jirani. Pete si ya serikali yoyote ya kijasusi. Mwalimu mmoja wa Denmark, Hans Christian Mortensen, ndiye aliyeanza mwaka 1899 kuwavika ndege pete za alumini zenye namba na anwani ili anayemwokota aandike barua. Mbayuwayu aliyevikwa pete Uingereza mwaka 1911 akapatikana Natal, Afrika Kusini, Desemba 1912, na ndivyo dunia ilivyojua waendako. Kuhofia vifaa vya ndege hakukuanza Mikindani: mwaka 2013 huko Misri korongo alipelekwa kituo cha polisi kwa sababu ya kifaa mgongoni, kumbe ni cha watafiti. Pete ya kitwitwi wenu haina betri wala kamera, ni bati lililokunjwa, jepesi sana. Haivuliwi, maana kuivua bila vifaa huvunja mguu. Hupigwa picha pande zote, namba na maandishi, kisha hupelekwa pamoja na tarehe na mahali kwa idara ya ndege ya Makumbusho ya Taifa, Nairobi, au kwa shirika la uhifadhi la A Rocha Kenya kule Watamu, ambao huvika ndege pete Mida Creek. Yaelekea huyu wenu alivikwa hapo jirani, lakini anaweza kuwa alivikwa nchi za mbali, na namba pekee ndiyo inayojua.

Nimefurahi uliponiandikia kwamba aliruka jioni ile, akazunguka mara moja juu ya mikoko na kutua na wenzake. Ila picha uliyonitumia ya pete ina tope, na tarakimu ya mwisho siwezi kuamua kama ni 3 au 8. Bila hiyo siwezi kuuliza. Mtoto alipiga nyingine kwa simu yake wakati mnamfungua mshipi, ulinitajia. Mwambie asizifute, anitumie zote, hata zilizotikisika.